Kaswida Kutoka Salale

Zamda alishusha dufu, wanawake wote saba wakafunga midomo, na sauti moja ikaendelea kuimba. Haikukawia; kama muda wa mtu kumeza mate. Semeni akamtazama mwenzake Mwanaharusi aliyekaa ubavuni pake.

Zama hizo za Mwingereza, kikundi cha Bi Zamda kilivuma Kibiti nzima. Harusi na maulidi waliitwa wao, wakalishwa, wakapewa chao. Lakini Zamda alizichoka kaswida za kila siku. Akaenda Salale, huko deltani, akarudi na kaswida ya kale aliyofundishwa na kikongwe mmoja, ambayo wenyeji walikwisha kuacha kuiimba. Kwa nini waliiacha, hakuuliza.

Walipoiimba Mahege, watu walitokwa na machozi. "Ile sauti nzito ya nyuma ni ya nani?" wakauliza. Zamda akacheka tu.

Wiki ile Mwanaharusi aliamka hana sauti. Homa hana, koo halimuumi. Akifungua mdomo, hutoka pumzi. Alasiri wenzake wakafanya mazoezi bila yeye, na sauti yake ikaimba pale pale alipozoea kukaa, juu ya mkeka mtupu, huku chumba kikinuka tope la mikoko ilhali bahari iko mbali.

"Dada, tuiache," Semeni alinong'ona.

"Tumealikwa Utete, mdogo wangu. Tukishaiimba huko, basi."

Walipotoka Utete, wanne wengine waliamka mabubu. Wakabaki Zamda na Semeni.

Semeni alimleta Mwalimu Mshamu, mpunga majini. Akafukiza ubani, akamnywesha Zamda kombe, maji yaliyooshea aya zilizoandikwa sahanini, akasoma mpaka jasho likamlowesha kanzu, na kadiri alivyosoma ndivyo harufu ya tope ilivyozidi kuukaba ubani, hata kinywa cha Zamda kikafunguka chenyewe, na sauti nzito, ile ile ya nyuma, ikasema taratibu, "Sikuja. Nimeitwa."

Mwalimu akafunga msahafu.

"Jini aliyeingia mwenyewe hutolewa," alisema kwa sauti ya chini. "Huyu mmemkaribisha, mwanangu. Sina pa kumtolea."

Tangu hapo Zamda hakusema tena.

Semeni akaapa kutoimba, hata kumbembeleza mwanawe. Kila alasiri aliziba masikio, na bado aliwasikia wenzake sita wakiimba nyuma ya nyumba, sauti za watu aliokula nao na kucheka nao, wakifika kwenye ubeti wake na kunyamaza, wakimsubiri aingie, kisha wakianza upya.

Siku ya arubaini tangu Zamda awe bubu, mumewe Tamimu alirudi kutoka deltani alikokwenda kukata boriti. Akatua mzigo, akatabasamu.

"Kumbe umeanza tena kuimba, mke wangu. Jana alasiri nilikusikia kule mikokoni, wazi kabisa. Nikajua hujambo."

Semeni akafungua mdomo amwambie kwamba hakuwa yeye. Midomo ilicheza, ikatoka pumzi tu. Tamimu akasogea, akainamisha sikio, akasubiri.