Kicheko Nyuma ya Ngoma

"Rudisha. Hapo hapo kwenye dakika ya tatu."

Mama Kabwe akarudisha.

"Umesikia?"

"Nimesikia gitaa lako, Baba Kabwe. Limetoka safi."

"Gitaa liache. Nyuma ya ngoma kuna mwanamke anacheka, na mwanamke huyo ni wewe."

Mama Kabwe akaacha kumenya karanga.

Mzee Ng'andu alikuwa mpiga gitaa wa bendi ya roki iliyotikisa Kitwe enzi za ujana wao. Miaka yote waliisikiliza albamu yao kwenye santuri iliyokwaruza kama vitumbua vinakaangwa. Sasa Fundi Luyando wa Lusaka alikuwa ameitengeneza upya kutoka kwenye kanda ya kwanza kabisa, sauti haikubanwa hata chembe, akamtumia mzee aikague. Kila kitu kilisikika, hadi Lengwe mwimbaji akivuta pumzi. Lengwe huyo, marehemu sasa, ndiye aliyekuwa akimtaka Chilufya kabla hajaitwa Mama Kabwe.

"Sisi wa vyombo tulirekodi kwanza, tukaondoka," Ng'andu alisema. "Lengwe akabaki kuimba. Siku hiyo wewe uliniaga unakwenda Ndola, msibani."

"Nilikudanganya."

"Miaka yote hii?"

"Hukuuliza."

"Nani anauliza mara mbili habari za msiba?"

Ujumbe ukaingia kwenye simu. Ulikuwa wa Fundi Luyando: "Mzee, wimbo wa nne una kicheko. Ukitaka nakifuta, hakuna atakayejua. Nijibu leo, kesho albamu inatoka."

Ng'andu aliusoma, akaigeuza simu kifudifudi mezani. Wivu ulimchoma.

"Ulifuata nini kule studio?"

"Kumuaga. Nsalamu yako ya posa ilishafika kwetu, sahani yake ikapokelewa. Nilitaka asikie kwangu, si kwa watu."

"Kuaga gani huko kwa kucheka? Mimi hujawahi kunichekea hivyo."

"Alisema atakuja harusini acheze kumshinda bwana harusi. Nikacheka. Baadaye nililia, ila kanda ilikuwa imeshazimwa."

"Ulimpenda?"

"Nilimpenda."

"Kuliko mimi?"

"Siku ile, ndiyo."

Kumwonea wivu marehemu ni adhabu. Huwezi kumfuata kwake, wala ukimtukana hajibu. Mzee wa watu akabaki anakodolea spika macho utadhani Lengwe atatokea humo.

"Sasa ulinifuata mimi kwa nini?"

"Lengwe alitaka nimsikilize tu. Wewe ulikuwa unaniuliza kama nimekula."

Mama Kabwe akamsogezea simu.

"Mwambie afute. Sitaki uumie kila redio ikiupiga."

Ng'andu akampigia Fundi.

"Fundi, usifute."

"Una uhakika, mzee? Wapenzi wa muziki wataanza kuuliza ni nani huyo."

"Ndiyo maana nataka umwandike kwenye jalada."

"Niandike nani?"

"Andika: anayecheka ni Chilufya, mke wa Ng'andu mpiga gitaa. Maneno hayo yote, usipunguze hata moja. Na jina la Lengwe liwe chini yake, kwa herufi ndogo."

"Baba Kabwe," mkewe akasema taratibu, "mtu ameshakufa."

"Najua, nilibeba jeneza lake. Andika, Fundi."