Somo wa Chumba cha Giza

Fundi alimwita binti yake kwa jina, na binti akaitika "Abee" kutoka chumba cha ndani. Fundi akangoja. Badala ya mlango wa ndani, ukafunguka mlango wa mbele, na binti huyo huyo akaingia kutoka nje, mkononi ana kibunda cha uzi, viatu vimejaa vumbi la njia.

"Umetoka wapi?"

"Dukani, baba. Mama kanituma uzi."

"Na aliyeniitika sasa hivi ni nani?"

Mtoto akatazama mlango wa ndani, kisha akamtazama baba yake. "Mimi sijasikia ukiniita."

Ilikuwa saa tisa alasiri, jua linawaka. Fundi akajiambia kwamba masikio yaliyokwisha kutumika miaka hamsini na mitano hayana dhamana, akaivuta taa ya mezani, akaendelea na kazi.

Kazi yake ilikuwa majina. Alichonga mihuri ya ofisi na vibati vya kubandika milangoni, na kwa kuwa herufi za muhuri huchongwa kinyumenyume, aliweza kusoma jina la mtu kutoka upande wowote. Mteja aliyeleta jina nusu alirudishwa akalete lililobaki. "Jina si shati," alizoea kusema, "uvae leo mkono mmoja, kesho mwingine." Nyumbani wote walimwita binti huyo Chiriku, kwa kuwa alikuwa haishi maneno tangu anapofumbua macho hadi anapolala. Fundi hakupenda lakabu. Yeye peke yake alimwita kwa jina lake hasa, na akikasirika aliyataja yote matatu.

Siku mbili kabla ya ile "abee", Chiriku alikuwa amepata kitu alichokitafuta kwa muda mrefu. Mama yake alikuwa na tableti, na ndani yake mlikuwa na mchezo wa kujenga, ambao dunia yake nzima ni matofali: ardhi matofali, miti matofali, hata maji yamekatwa pembe nne. Unachimba, unajenga, unawasha mienge. Pasipo na mwenge mazimwi huota yenyewe, na kila zimwi lina makao yake. Mengine mapangoni, mengine jangwani. Chiriku alikuwa ameyaona yote isipokuwa moja, lile refu la kinamasini, lisilo na uso. Alilitafuta siku nne. Mwisho akajenga juu ya kinamasi chumba cha mawe kisicho na dirisha, akakiacha giza, akarudi nyuma hatua ishirini na nne, kwa maana ukiwa karibu zaidi haliji, na ukienda mbali mno linapotea. Akangoja.

Lilipokuja, alikimbia na tableti mpaka meza ya baba yake.

"Baba, limekuja. Lakini lisipopewa jina litapotea, nami kibati cha kuandikia jina ninacho kimoja tu. Nilipe jina gani?"

Fundi alikuwa na lenzi jichoni, anachonga jina refu la mwanasheria. "Lipe lako. Si kila siku unanililia pacha? Haya, umempata."

Chiriku akacheka mpaka akashika meza. Akaandika jina lake, yote matatu, pasipo kosa la herufi hata moja, kama alivyofundishwa na baba yake.

Baada ya alasiri ile ya uzi, taa ya chumba cha ndani ikaungua. Fundi akaweka nyingine, ikaungua. Akaweka ya tatu, ikapasuka mkononi kabla hajaikaza. Ikaanza harufu ya mawe mabichi, kama ya kisima kilichofunuliwa baada ya miaka. Kisha mlio: tuk, kimya kidogo, tuk, kama mtu anayepanga matofali asiye na haraka.

"Baba Chiriku," mkewe alimnong'oneza siku moja uani, akifua. "Hebu simama hapa. Sogea. Unasikia?"

"Panya."

"Panya gani anajua kujenga? Haya, nenda mpaka mlangoni mwa chumba cha ndani uniambie."

Fundi akaenda mlangoni. Kimya. Akarudi bombani alipokuwa mkewe, na mlio ukaanza tena. Alikuwa mtu wa vipimo. Akaenda na kurudi mara tatu akihesabu hatua, na kila mara zilikuwa ishirini na nne. Hesabu hiyo hakuijua maana yake, basi akaitupa.

Ambalo hakuweza kulitupa ni hali ya mtoto. Akiitwa, Chiriku alichelewa kuitika, na katika kule kuchelewa sauti nyingine ilitangulia kutoka ndani, laini, yenye adabu kuliko yake. Baada ya siku chache hakuitika kabisa. Mwalimu akamrudisha nyumbani na barua: darasani likisomwa jina lake hanyanyui mkono, na akiulizwa husema jina hilo lina mwenyewe. Maneno yakampungua. Akakaa mkekani, mikono mapajani, akitazama ukuta, na mama yake, aliyekuwa akimsuka nywele asubuhi moja ya nuru tele, akamgeuza kichwa kuelekea dirishani amalizie mstari wa mbele, akamtazama, akamtazama tena, akauacha mstari nusu akaenda kumshika mumewe mkono bila kusema neno, naye Fundi akaja, akapiga goti, akavaa lenzi yake kama avaavyo mbele ya kazi, akaona kwamba nyusi za mwanawe na ncha ya pua yake na ule mstari wa juu ya mdomo vilikuwa vinafutika, si kwa ugonjwa wala kukonda, bali kama muhuri uliogongwa mara elfu, ambao herufi zake bado zipo lakini kingo zimelala na karatasi haizipokei tena.

"Mwanangu," alisema polepole, "lile zimwi ulilipa jina gani?"

"Ulilosema wewe, baba."

Mganga waliyemwita alikuja saa nne asubuhi, mwanamke mnene mwenye miwani, mwenye haraka zake. Alikataa kiti. Akanusa mlangoni mwa chumba cha ndani, akasikiliza habari yote, kisha akamgeukia Fundi.

"Wewe ndiye unayechonga majina?"

"Ndimi."

"Na hujui maana ya somo?"

Fundi akaitoa lenzi mfukoni, akairudisha.

"Jini huyu alikuwa mpita njia," alisema mganga. "Wangapi wanapita hapa kila siku, nani anawajua? Nyinyi mkamjengea chumba, mkamzimia taa, mkasimama mbali kwa adabu mkimngojea, alipofika mkampa jina. Mgeni gani angeondoka? Na jina lenyewe la mtoto wa nyumba. Sasa ni somo yake, jina lao moja. Somo ni ndugu, ana haki."

"Basi mfukuze," mama alisema. "Tutakupa unachotaka."

"Jini hufukuzwa kwa jina lake, mama. Nikilitaja hilo na kusema toka, watatoka wawili."

Mama akamvuta Chiriku kifuani.

"Apewe jina jingine," Fundi alisema. "La kubuni."

"Jina lisilo na mtu ni kama muhuri usio na ofisi. Halimshiki. Lazima liwe la mtu aliye hai, alitoe kwa ridhaa, aliandike kwa mkono wake. Na akishalitoa asilidai."

"Langu," mama alisema.

"Si lako," Fundi alisema. "Mdomo ulikuwa wangu. Leta tableti."

Hakuwahi kuucheza mchezo ule. Chiriku akakaa ubavuni pake, akimwelekeza kwa sauti iliyokwisha kuwa nyembamba kama uzi. "Bonyeza hapo, baba, uchukue kibati cha pili nilichokiokota baadaye. Sasa mbele. Usiwashe mwenge." Akavuka kinamasi cha pembe nne, akafika kwenye chumba cha mawe, akatoa tofali moja, na mara harufu ya kisima ikajaa sebule, dirisha likiwa wazi na jua likiwa palepale sakafuni, na mlio wa matofali uliokuwa nyuma ya ukuta ukakoma, na ndani ya kile kioo kidogo kitu kirefu kilichokuwa kimewapa kisogo kikageuka taratibu, juu ya kichwa chake jina la mwanawe likielea, na chini ya jina, pale palipotakiwa kuwa patupu, palikuwa na nyusi, na ncha ya pua, na mdomo mdogo uliokuwa ukitafuta namna ya kucheka, mpya kabisa, kingo zake kali, kama muhuri uliotoka mezani leo.

Kidole cha Fundi hakikukosea. Aliandika jina lake, la kwanza, la baba, la babu, akaligusa lile refu kwa kibati.

Chiriku akavuta pumzi. Akasema ana njaa. Akasema nywele zake mbona nusu, nani alimwacha hivi, na mwalimu yuko wapi, na ile barua ilisema nini, na yule mama mnene ni nani. Akasema bila kituo mpaka mama yake akalia na kucheka pamoja. Uso wake ulikuwa wake.

Mganga aliufunga mkoba. Mlangoni alimwambia mama, kwa chini: "Hajatoka. Kahama mtu tu. Jina la mume wako lisitajwe tena kwa sauti humu ndani."

Ilikuwa rahisi kuliko walivyodhani. Wateja walimwita Fundi. Mtoto alimwita baba. Mke, tangu wapate mtoto, hakuwahi kumwita ila Baba Chiriku. Wiki zikapita, na mtu yeyote angeona nyumba iliyopona.

Kisha shule ikaleta fomu. Fundi aliijaza yeye mwenyewe, jina la mwanafunzi kwa herufi kubwa, yote matatu, akafika kwenye mstari wa jina la mzazi. Kalamu ikasimama. Ilisimama kwa muda mpaka wino ukatoa doa.

"Mama Chiriku," alisema, "mimi naitwa nani?"

Mkewe akacheka. Akainua macho kutoka kwenye ushonaji, akaona kwamba mwenzake hacheki. Akafungua mdomo, akautazama mlango wa chumba cha ndani, akaufunga. Akaichukua kalamu mkononi mwake, na pembeni mwa gazeti akaandika jina la mwanamume aliyemwoa, polepole, kwa mwandiko wake mzuri, akalisukuma mbele yake.

Fundi akavaa lenzi. Akalisoma herufi moja moja, kutoka mwanzo, kisha kutoka mwisho, akatikisa kichwa kwa kuridhika.

"Jina zuri," alisema. "Mwenyewe atakuja lini kuchukua muhuri wake?"