Mkono Uliomchora Mutai

Hebu fikiria chumba chenye giza katika jumba la maonyesho mjini Doha, saa nne asubuhi, bado hakuna mgeni. Ukutani inazunguka katuni ya kimya ya Marekani, iliyotengenezwa na marafiki wawili miaka mia moja iliyopita: mmoja akichora, mwenzake akipiga picha karatasi moja moja. Mkono wa mchoraji unaingia, unachora kijitu, kijitu kinacheza, mkono unakifuta na kuondoka.

Asubuhi hiyo haukuondoka. Edith, mlinzi wa chumba hicho, aliuona umebaki ukutani, umekunja ngumi.

"Huyu anataka gota," alisema Mutai, mlinzi mwenzake kutoka Kericho. "Tusimnyime, jamaa ametoka mbali."

"Wachana nayo, Mutai."

Mutai akacheka, akaugonga kwa ngumi yake. Chumba kikanuka wino mbichi.

Kesho yake vidole vyake vilikuwa vyeusi, na sabuni haikusaidia. Siku ya tatu kijitu kilivaa kofia ya mlinzi, na kila kiliporuka, magoti ya Mutai yalishtuka.

Shamira, Mganda aliyefanya usafi hapo, akamleta chumbani ustadhi aliyekuwa akiwasomea wenye majini huko Industrial Area, mtaa wa vibarua pembeni mwa Doha. Mzee akanusa vidole vya Mutai.

"Mtoe, ustadhi," Edith alinong'ona.

"Nitasoma, binti yangu. Lakini huyu hakuvamia. Alisalimiwa."

Akasoma, na alipokuwa akisoma ikasikika kalamu ya mchoraji ikikwaruza, kwanza ukutani, halafu ndani ya shati la Mutai, na Edith akamshika mkono kwa nguvu zake zote huku kijitu kikiacha kucheza na kuwageukia, na ule mkono ukaingia taratibu, bila hasira, kama mwalimu anayefuta ubao, ukapita juu ya kofia, juu ya macho, juu ya mdomo uliokuwa ukisema, "Edith, usiniachilie," mpaka Edith akabaki ameshika shati tupu.

Siku hizi msimamizi akiulizwa, husema, "Mutai gani?" Shamira naye hamkumbuki. Kwenye simu ya Edith, picha walizopiga pamoja zina nafasi nyeupe kando yake. Jina amebaki nalo yeye peke yake, na juzi alilitafuta asubuhi nzima kabla halijamjia.

Kwa hiyo nakuomba jambo moja tu, mpenzi msomaji. Msaidie kulikumbuka. Ni Mutai.