Si Nimemficha Uso, Mzee?

Nilikuwa nishafika ngazini na begi langu, Collins yuko nyuma na simu mkononi... ananirekodi!

"Wasee mnaonifuata, mzee anahama! Mzee amekasirika!"

"Zima hiyo takataka!"

"Rudia, mzee. Hapo mwanga ni mzuri."

Ndugu zangu mnaosoma, nimelala stesheni za nchi nyingi, lakini asubuhi kama ile ya kule Kilburn, Uzunguni, sijawahi kuiona.

Collins ndiye aliyenipa kochi la kulala. Kazi yake ni kuweka mtandaoni video za ajali, ngumi na watu walioanguka. Siku hiyo aliingia anacheka.

"Cheki mlevi wa steji ya basi!"

Nikaangalia video simuni mwake, uso ukiwa wazi. Mtu yuko chini, anatetemeka, jasho linamtiririka, anaomba kwa Kiswahili: "Kijana... nipe soda..."

Wazungu waliopita hawakuelewa.

Collins alielewa! Akaendelea kurekodi.

Na mimi nilimjua. Titus, mume wa Peris. Ana kisukari, na sukari ikimshuka soda ndiyo dawa.

"Huyu ni Titus! Uliita ambulensi?"

"Kuna mtu aliita. Mimi nilikuwa job."

"Job?!"

"Si nimemficha uso, mzee? Nikaiweka mtandaoni na muziki. Heshima iko."

Ndipo nikabeba begi.

Nikiwa kwenye basi, Bridget, dada ya Titus, akanipigia analia. Hospitali ilikuwa imempigia yeye simu. Titus amefariki.

"Mzee, twende kwa Peris pamoja. Usimpigie!"

Kwetu msiba hausemwi kwa simu. Mtu anaendewa, anakalishwa kwanza.

Peris alitufungulia... anacheka!

"Karibuni! Mzee, umeona hii? Mlevi anaomba soda! Nimewatumia kina mama wote wa kanisa!"

Bridget akamshika mkono. "Wifi, keti kwanza."

"Kwani kuna nini?"

Akatutazama. Akarudisha macho kwenye simu, polepole...

"Hivi viatu... nilimnunulia mimi."

Simu ikaanguka. Muziki ukaendelea.

Wewe unayebonyeza *share*, huyo usiyemwona uso ana mtu anayemngoja nyumbani. Hata anaweza kuwa wako.

Titus alizikwa nyumbani, Machakos. Peris alitoka kwenye magrupu yote ya simu, na bado anafanya kazi yake ya kutunza wazee wa watu. Bridget amehamia kwake. Collins alifuta video, lakini wengine walikuwa wameinakili, inazunguka hadi leo. Yeye yuko Harrow, ana simu mpya.

Mimi niko Leeds. Begini nina soda.