Kimya cha Jikoni

Nakiri kosa langu: nilimwazima Tayyar Bey nyumba ya marehemu bibi yangu kijijini, mkoani Kastamonu, Uturuki, apige filamu yake ya ishirini ya kutisha, ya majini na mashetani. Zote takataka, damu yenyewe rojo la nyanya.

Adhuhuri alimwaga maji ya chai yanayochemka kwenye karo la jikoni. Rafiki yangu Nevzat, mrekodi sauti, akaruka.

"Tayyar Bey, sema bismillahi! Utawaunguza walio chini!"

"Majini hapa nawaajiri mimi, mshamba we!"

Watu wakatoka, Nevzat arekodi kimya cha chumba kitupu cha kuwekwa chini ya maneno ya filamu, ndivyo kazi ya warekodi ilivyo. Kwenye vipokea sauti vya masikioni akasikia kitoto kikilia chini ya sakafu, na mama akikibembeleza: "Nyamaza, mwanangu. Aliyekuunguza anaitwa Tayyar."

Tayyar akafurahia kilio cha bure, akakitia filamuni.

Tafadhali, ukimwona, usimwite jina; huyo mama bado anasikiliza.