Kaseti ya Mwezi Kambini Lushebere

"Unasema watoto wangu njo wezi? Sababu ya kiplastiki?" Mama Blandine alikuwa amekaza kitenge kiunoni mara ya pili, na hapo kila jirani alijua hakuna kulala mapema.

"Si kiplastiki, Mama! Ilikuwa kaseti ya papa yangu!"

Muhindo aliinua ganda la kaseti lililopasuka, halina utepe ndani. Watoto walikuwa wameliokota njiani, wakaligeuza gari. Kambi nzima iliacha masufuria ikaja kusikiliza.

Marehemu papa yake alirekodi redioni habari za watu kukanyaga mwezi, kisha kila chombo kilichofuata, miaka na miaka. Nakala nyingine haikuwapo. Vita vilipoingia Masisi na duka lake kuporwa, Muhindo aliokoa hiyo tu, na shati la mwilini.

Kaseti hiyo njo ilimletea mupenzi wake, Elisabeth. Kabla ya duka kuporwa, msichana alikimbia vita Itebero, akaingia humo kununua mapili, betri za redio, akasikia zile sauti, akasahau mapili.

"Kweli walifika?"

"Walifika, sheri."

"Na huko hakuna barrière za askari kufunga njia?"

"Hata moja."

"Basi unipeleke!"

Jana Muhindo alimwazima kaseti awasikilizishe watu wa kambi. Leo simu ya Elisabeth haiingii, na ganda hili hapa.

"Uliamini mwanamke wa kukimbia," mtu alinong'ona, kwa sauti ya kusikika.

"Amenitupia papa yangu barabarani!" Muhindo alifoka.

"Nani amekutupia?"

Elisabeth alisimama nyuma yake, blauzi ya kijani, redio kifuani. Mkono wa kulia ulikuwa na kucha nyekundu zinazong'aa. Wa kushoto, kavu, bila rangi.

"Jana ilikanyagwa, watu walijaa. Ganda likapasuka, utepe ukakatika. Nikafungua kaseti ya korali kwa ncha ya kisu, nikahamisha utepe wako mule. Pale pa kukatika nikaunga na vernis yangu ya kucha."

"Mbona hukuniita?"

"Simu imezimika, moto wa kuichaji hakuna! Nilingoja vernis ikauke. Wewe ukanihukumu mbele ya Mama Blandine. Mbele ya Mama Blandine, Muhindo!"

"Mimi nimefanya nini tena?" akauliza Mama Blandine, akifurahi kutajwa.

Elisabeth akabonyeza. Redio ikakwaruza, ikanyamaza. Muhindo akashika kichwa. Kisha mtangazaji akaibuka: mtu ameshuka ngazi, ameweka mguu mwezini. Nyuma ya sauti hiyo, mule mule kwenye utepe, papa yake Muhindo akakohoa, kikohozi chake kilekile. Kambi ikapiga vigelegele kana kwamba ni leo.

Muhindo akaketi chini matopeni.

"Nisamehe, Elisabeth. Bakisha kaseti kwako. Na mwenye kaseti pia, kama unamutaka."

"Hee! Anaposa akiwa matopeni!" Elisabeth akawaambia majirani.

"Unakataa?"

"Nimemaliza vernis yangu yote juu yako. Nikukatae na nini?"

Mama yake Elisabeth, ambaye siku zote alimsalimia kijana huyu mkono mmoja ukiwa umeshika mlango, safari hii aliufungua wote.

"Muhindo, baba, nawa matope. Bugali inapoa. Ingia tukule."