Mgonjwa Kwanza, Kidole Baadaye

Asubuhi Chepkemboi alikuwa akichuna chai. Mume wake, Kipngeno, alikuwa akikama ng'ombe. Mara ndoo, paa! Kipngeno ameshika kifua. Pumu imemkamata, pumzi inapiga filimbi.

Chepkemboi hakuvua hata aproni ya kuchunia. Pikipiki, mbio, mpaka kituo cha afya.

Ogeto, karani wa dirishani, hakuinua macho.

"Weka kidole kwenye mashine, mama."

"Kidole changu? Mgonjwa si huyu?"

"Kadi ya bima ni yako. Mashine inataka wewe."

Akaweka. Mashine ikakataa.

"Nenda bombani uoshe."

Akaosha. Ikakataa.

"Paka mafuta."

Akapaka. Akaambiwa afute. Akafuta! Mwanamke anayefukuza nyani kwa rungu, leo anatumwa kama mtoto wa nasari, na anaenda. Vidole vilivyochuna chai miaka na miaka vimekuwa laini kama sabuni. Alama zimelika. Mashine ingeona nini?

Pale kwenye benchi, midomo ya Kipngeno ilianza kuwa ya kijivu.

"Kijana wangu, mzee anakufa!"

"Pole, mama. Niliambiwa bila kidole hakuna kupita. Osha tena."

Chepkemboi akageuka kwenda bombani. Mlangoni akagongana na jirani yake Nyathira, mhudumu wa afya wa kijiji.

"Mama Janeffer! Unaenda wapi na mzee amezidiwa?"

"Kuosha kidole."

"Kwani kidole ndicho kinachouma? Katiba yetu inasema mtu asinyimwe matibabu ya dharura. Atibiwe kwanza, aandikishwe baadaye. Ita muuguzi!"

"Lakini karani amesema..."

"Karani ni Mungu? Ita!"

Chepkemboi akaita. Wuui! Hata kuku wa jirani walikimbia. Muuguzi akatoka mbio.

"Mbona hamkuniita? Lete kiti cha magurudumu!"

Ogeto mwenyewe ndiye aliyekileta. Akamwinua Kipngeno, akamtazama usoni.

"Nisamehe, mzee. Sikuwa nimekuona."

Kipngeno akawekewa oksijeni na dawa ya kuvuta. Filimbi ikapungua, ikanyamaza.

Siku hizi Ogeto akiona mtu anahema, anaacha mashine yake na kumwita muuguzi. Kidole kikikataa, anatafuta njia nyingine mgonjwa akiwa tayari kitandani.

Na Kipngeno? Jioni ile alionja uji wa hospitali, akakunja uso.

"Huu uji hauna sukari."

Siku nyingine angegombezwa. Siku hiyo mke wake alipiga vigelegele, wodi nzima ikamjibu.